Nywele na Swali Lililokuwa Chini Yake



Mtu yeyote aliyekulia Lamu, na akawa na fahamu zake mwanzoni mwa miaka ya 1970, anawakumbuka vijana wa Kizungu waliokuwa wakishuka gatini na mizigo yao migongoni, nywele zimewafika mabegani, nguo zao kuukuu na baadhi yao miguu mitupu. Watu wakiwaita mahipi. Sisi watoto tulipotoka chuoni tulikuwa tukiwafuata vichochoroni na kuwacheka, kwani tulikuwa hatujapata kumwona mwanamume mwenye nywele ndefu kama za mwanamke. Nyanya yangu, Mungu amrehemu, hakuwa akicheka. Alikuwa akiwatazama dirishani, akitikisa kichwa, akiuliza: "Maskini, mama zao wanajua kama wako hapa?"

Sisi tuliona nywele. Yeye aliona mwana wa mtu.

Leo nataka tuzungumze juu ya mchezo wa kuigiza uliowafanya vijana wa namna ile wajulikane ulimwengu mzima. Mchezo huo uliitwa Hair, neno la Kiingereza ambalo maana yake ni nywele. Huenda ukaniuliza: Sheikh, umekosa la kuandika hata ukatuletea habari za ngoma za New York? Jawabu yangu ni kuwa dini yetu imetuamrisha tutazame mambo ya watu wengine tupate mazingatio, na imetuamrisha vile vile tuwe waadilifu hata kwa wale ambao mwendo wao hautupendezi. Basi sitausifu mchezo ule, kwani ndani yake mna mambo ambayo Mwislamu hawezi kuyasifu. Wala sitauzulia uwongo.

HALI YA MAREKANI WAKATI ULE

Katikati ya miaka ya 1960 Marekani ilikuwa imezama katika vita vya Vietnam, na vijana wa kiume walikuwa wakiandikishwa jeshini kwa lazima. Kijana wa miaka 18 aliweza kuitwa, akapewa bunduki na kupelekwa kufa mbali na kwao, ilhali sheria ya taifa ilikuwa haijampa haki ya kupiga kura kabla ya kutimiza miaka 21. Jambo hilo halikurekebishwa mpaka 1971. Katika mwaka 1968 peke yake askari wa Kimarekani zaidi ya 16,000 walikufa katika vita vile. Ama Wavietnam waliokufa, hao walikuwa wengi zaidi kwa mbali.

Hapo hapo watu weusi wa Marekani walikuwa wakidai wahesabiwe kuwa ni watu. Sheria za 1964 na 1965 ziliwapa haki katika karatasi, lakini tarehe 4 Aprili 1968 mchungaji Martin Luther King, aliyekuwa mbele katika kudai haki hizo bila ya kumwaga damu, alipigwa risasi akafa.

Vijana wakawauliza wazazi wao: Mnatufundisha kanisani kupendana, mbona mnatupeleka kuua? Mnatuambia nchi yetu ni ya uhuru, mbona mtu mweusi hana uhuru? Mna majumba na magari, mbona hamna raha? Wengi hawakupata jawabu ila kuambiwa: Nenda kanyoe nywele.

Na hapa ndipo maana ya nywele inapodhihiri. Kijana akiingia jeshini jambo la awali analofanyiwa ni kunyolewa. Basi kuziacha nywele zikue ikawa ni kusema bila ya kutamka neno: mimi si askari wenu.

WALIOUTUNGA

Mchezo ule haukutungwa na mahipi wenyewe. Maneno yake yalitungwa na waigizaji wawili, James Rado na Gerome Ragni, waliokutana mwaka 1964 katika mchezo mwengine. Walikuwa wakipita mitaani New York wakiwatazama vijana wenye nywele ndefu, wakisikiliza mazungumzo yao, na wakaona kuwa kinachotendeka njiani kina uhai kuliko kinachoigizwa ndani ya kumbi kubwa. Wakayaandika waliyoyasikia. Na kwa kuwa wao wenyewe walikuwa waigizaji, wakajipangia nafasi mbili kubwa za mchezo. Rado aliyacheza maisha ya kijana anayeitwa jeshini akiwa yeye mwenyewe ameshatimiza miaka 36.

Muziki ulitungwa na Galt MacDermot, mtu wa Kanada, na hapa pana habari inayotugusa sisi watu wa Afrika. Baba yake alikuwa mwanadiplomasia aliyetumwa Afrika ya Kusini, na MacDermot akasomea muziki huko Cape Town. Alizisikiliza ngoma za Waafrika na akatoka nazo. Kwa hivyo midundo iliyowashangaza Wazungu wa New York, wakaiona ni kitu kipya, sehemu yake ilikuwa imechukuliwa katika bara letu, katika nchi ambayo wenye midundo hiyo walikuwa hawaruhusiwi hata kukaa benchi moja na Mzungu.

Mchezo ulionyeshwa mara ya kwanza tarehe 17 Oktoba 1967, katika jengo lililokuwa zamani maktaba, ambalo Joseph Papp aliligeuza kuwa nyumba ya michezo ya umma. Tikiti ilikuwa dola mbili na nusu, ili mtu wa kawaida aweze kuingia. Kisha akatokea Michael Butler, mtu wa ukoo wa matajiri wa Chicago, akatoa mali yake, na tarehe 29 Aprili 1968, siku 25 tu baada ya kuuawa King, mchezo ukafunguliwa katika ukumbi wa Biltmore huko Broadway, mahali panapoonyeshwa michezo mikubwa ya New York. Uliongozwa na Tom O'Horgan. Ulichezwa hapo mara 1,750, mpaka tarehe 1 Julai 1972.

Kisa chake ni chepesi. Kijana aitwaye Claude ana marafiki wenye nywele ndefu wanaoishi pamoja kama kabila moja. Anaitwa jeshini. Wenzake wanazichoma kadi zao za wito, jambo ambalo tangu 1965 lilikuwa kosa la jinai. Yeye anaisogeza kadi yake kwenye moto, kisha anairudisha. Hawezi kukataa, wala hana yakini ya kwenda. Mwisho anakwenda, na anakufa.

WALIOUCHEZA

Kabla ya hapo waigizaji wa Broadway walikuwa zaidi watu waliokwisha kupikwa katika kazi hiyo, na watu weusi wakipewa nafasi za utumishi na uchekeshaji, au wakitengewa michezo yao peke yao. Katika mchezo huu waliingizwa vijana ambao wengi wao walikuwa hawajulikani na mtu, na karibu thuluthi yao walikuwa weusi, wakisimama bega kwa bega na weupe.

Aliyeufungua mchezo kwa sauti yake alikuwa Ronnie Dyson, kijana mweusi ambaye siku ile ya ufunguzi Broadway alikuwa hajatimiza miaka 18. Alikufa mwaka 1990, naye ana miaka 40 tu. Melba Moore, binti mweusi, alianza katika kundi la waimbaji, kisha akapewa nafasi ya mwanamke mkuu wa mchezo, nafasi iliyokuwa ikichezwa na wanawake weupe. Mwaka 1970 akapata tuzo kubwa ya Broadway kwa mchezo mwengine. Palikuwa na Paul Jabara, mtoto wa wahamiaji wa Lebanon. Katika mji wa Munich, Ujerumani, mchezo ulipofasiriwa mwaka 1968, mmoja wa waimbaji alikuwa binti mweusi wa Kimarekani ambaye baadaye ulimwengu ulimjua kwa jina la Donna Summer.

Mpenzi msomaji, lazima niseme hapa jambo ambalo kalamu inalionea haya. Mwisho wa sehemu ya awali ya mchezo, kwa muda mfupi na katika mwangaza hafifu, baadhi ya waigizaji walisimama mbele ya watu uchi. Jambo hilo ndilo lililovuma kuliko vita, kuliko ubaguzi, kuliko kifo cha Claude. Watu wengi walioununua ukumbi walikuja kuangalia hilo tu.

Lakini hakulazimishwa mtu. Kila mmoja aliachiwa hiari yake. Na katika kundi lile alikuwamo binti wa miaka 22 aitwaye Diane Keaton, ambaye usiku wenzake walipovua nguo yeye hakuvua. Hakuwa mwanamke mashuhuri wakati huo. Alikuwa mgeni katika kazi, na mgeni huogopa kuachwa nyuma. Tena alikuwa ndani ya mchezo unaosema kwamba kila mpaka ni kifungo. Juu ya hayo akajiwekea mpaka wake. Baadaye akawa katika wacheza sinema mashuhuri wa Marekani na akapata tuzo kubwa kuliko zote za sinema, kwa hivyo kukataa kwake hakukumpunguzia riziki. Simtaji kwa kumfanya kigezo cha dini, hakuwa mtu wa dini yetu. Namtaja ili binti zetu wajue kuwa haya imo katika maumbile ya mwanadamu, na kwamba mtu anaweza kusema hapana hata pale ambapo kila aliye pembeni yake amesema ndiyo.

ALIYEKATAA KWELI

Mwaka ule ule wa 1967, miezi kabla ya mchezo kuonyeshwa, kijana mwengine wa Kimarekani aliitwa jeshini naye akakataa, si jukwaani bali mbele ya maofisa wa serikali. Huyo ni Muhammad Ali. Tarehe 28 Aprili 1967 huko Houston jina lake liliitwa, akabaki amesimama pale pale. Alinyang'anywa ubingwa wa dunia, akazuiwa kupigana, akahukumiwa miaka mitano na faini ya dola 10,000. Hakuingia jela kwa kuwa alikata rufani, lakini miaka yake bora ya ngumi ilikwenda bure. Mahakama Kuu ya Marekani iliifuta hukumu ile mwezi wa Juni 1971.

Wachache wanajua kuwa katika miaka ile ya dhiki Ali naye alisimama jukwaani Broadway. Mwezi wa Desemba 1969 aliimba katika mchezo ulioitwa Buck White, akicheza nafasi ya mtu mweusi anayewahutubia wenzake. Mchezo ulifungwa baada ya kuonyeshwa mara saba tu.

Tazama basi tofauti, ndugu yangu. Claude wa mchezo na Ali wa kweli waliulizwa swali moja na serikali moja. Claude alikuwa na nywele, nyimbo, marafiki na bangi, lakini hakuwa na mahali pa kusimamisha mguu wake, na wimbi likamchukua. Ali alikuwa na kichwa kilichonyolewa vizuri na suti yake, na alikuwa na imani. Itikadi ya kundi alilokuwamo wakati ule ilikuwa na makosa ambayo wanavyuoni wameyabainisha, na yeye mwenyewe aliiacha mwaka 1975 akaelekea kwenye Uislamu wa Ahli Sunna. Lakini hata katika hali ile alijua kuwa yuko Mola atakayemuuliza, na kwamba swali la Mola ni zito kuliko la serikali. Mtu mwenye msingi huo huweza kupoteza kila kitu asijipoteze mwenyewe.

ATHARI YA MCHEZO

Ama athari yake katika ulimwengu, haikuwa ndogo. Uingereza ilikuwa na sheria tangu 1737 kwamba mchezo wowote usionyeshwe kabla ya kukaguliwa na ofisa wa mfalme. Ukaguzi huo uliondolewa tarehe 26 Septemba 1968, na siku ya pili yake Hair ikafunguliwa London. Ilichezwa huko mara 1,997, na haikusimama ila dari ya ukumbi ilipoanguka mwaka 1973. Mexico ulichezwa usiku mmoja tu katika mji wa Acapulco, serikali ikaufunga. Belgrade, katika nchi ya kikomunisti, ulichezwa mwaka 1969. Marekani kwenyewe mji wa Chattanooga uliunyima ukumbi, na kesi ikafika Mahakama Kuu, ambayo mwaka 1975 iliamua kuwa wakuu wa mji walikosea kuuzuia namna ile. Wanaanga wawili waliotoka salama katika safari ya hatari ya Apollo 13 walitoka ukumbini mwaka 1970, wamekasirishwa na jinsi bendera ilivyochezewa.

Broadway nayo ikafungua mlango kwa muziki wa vijana. Mlango ukifunguliwa hauchagui wa kuingia: mwaka 1971 O'Horgan huyo huyo aliongoza mchezo wa namna hiyo juu ya Nabii Isa, alayhis salaam, jambo ambalo sisi hatulikubali kwa Nabii yeyote.

Lakini athari kubwa kwangu mimi ni hii. Sahani ya nyimbo za mchezo ule ilishika nafasi ya kwanza Marekani kwa wiki 13 mwaka 1969. Vijana waliosema kuwa mali ni pingu wakawa wao ni mali. Wenye maduka wakauza shanga zao, wenye kumbi wakauza hasira zao, na aliyetaka kuwa muasi aliweza kununua uasi huo kwa tikiti, akaangalia, kisha akarudi nyumbani kulala. Vita viliendelea. Marekani iliacha kuandikisha vijana kwa lazima mwaka 1973, na kilichochangia hapo ni wale walioandamana, waliofungwa na waliohama nchi, pamoja na mama waliopelekewa majeneza. Mchezo uliwasaidia watu kulisikia swali. Jawabu hawakuwa nalo, na mahali pa jawabu wakaweka bangi, zinaa na kutazama nyota. Mtu mwenye kiu akipewa maji ya bahari hunywa, na kiu huzidi.

NA SISI JE?

Msomaji usije ukadhani kuwa haya ni ya Wazungu peke yao. Katika nchi jirani ya Tanzania, vijana wa chama walipiga marufuku Dar es Salaam nguo fupi za wanawake, suruali za kubana na nywele za bandia, kuanzia Januari 1969. Nia ya kuhifadhi heshima ni njema. Lakini kuna maasi mengi yaliyovaa kanzu, na hayo hayakupigiwa kelele.

Nami sina haki ya kuwanyooshea wengine kidole. Katika miaka ya 1980, nilipokuwa mwalimu kijana mwenye ukali mwingi na busara chache, alikuwako darasani kwangu mvulana wa miaka 15 au 16 aliyefuga shungi kubwa kama waimbaji wa kwenye kaseti. Siku moja nikisomesha juu ya usawa wa Waislamu, akanyosha mkono akauliza: "Maalim, ikiwa sote ni sawa, mbona mtu akija kuposa kwetu huulizwa kwanza ni wa kabila gani?" Darasa likanyamaza. Swali lilikuwa la haki, na jawabu yake ingeniudhi mimi na jamaa zangu. Basi sikulijibu. Nilimwambia kwamba mwenye kichwa kama kile hana adabu ya kuuliza, nikachukua mkasi nikamkata shungi lake mbele ya wenzake.

Hakurudi tena. Nilikutana naye Mombasa baada ya miaka zaidi ya ishirini, mtu mzima, dereva wa lori. Alinibusu mkono kwa heshima zote. Nikamuuliza kwa nini aliacha chuo. Akasema kwa upole: "Kwani nikae kwa nini, maalim? Si ulinijibu?"

Tangu siku ile nimejiuliza mara nyingi. Imepokewa kwamba nywele za Mtume, sallallahu alayhi wasallam, zilikuwa zikifika kwenye ndewe za masikio, na mara nyengine mabegani, na alikuwa akizichana na kuzitia mafuta. Alichokikataza ni kunyoa baadhi ya kichwa na kuacha baadhi. Mimi nilikuwa nikiyajua hayo. Kwa hivyo sikuwa nikiihifadhi Sunna siku ile, nilikuwa nikijihifadhi mimi na swali.

Basi wasia wangu kwa wazazi na walimu ni huu. Kwanza, mtoto akibadilisha sura yake msianze na mkasi. Anzeni na kumkalisha na kumuuliza anaona nini. Huenda nywele zile ni ujinga wa rika tu, na huenda chini yake liko jambo zito. Pili, akiuliza swali la haki juu yetu, juu ya kabila, juu ya mali, juu ya namna tunavyowatendea watumishi majumbani, tumjibu kwa kweli hata ikiwa kweli ni chungu. Kweli ni chungu kwa anayeisema pia. Tatu, tusidhani kuwa kijana ambaye hatukumjibu hubaki bila ya jawabu. Liko linalomngoja barazani, liko la kwenye simu, na liko la muuza unga, na yeye hutoa la kwanza bure.

Na kwenu nyinyi vijana: kukasirikia dhulma si dhambi. Lakini kabla hujakataa, jua unasimama juu ya nini. Anayemwambia mkubwa wake hapana kwa kuwa amemwambia Mola wake ndiyo, huyo hatikisiki. Anayesema hapana kwa kuwa rika lote linasema hapana, kesho rika likinyoa naye atanyoa.

Ragni alikufa mwaka 1991, MacDermot mwaka 2018 na Rado mwaka 2022. Wengi wa wale vijana waliopita vichochoroni kwetu, ikiwa wako hai, leo ni wazee wenye vipara na wajukuu. Wangapi mama zao walipata kujua waliko, Mungu ndiye ajuaye. Namuomba Yeye atuwezeshe kujua wetu wako wapi, hata wanapokuwa wamekaa nasi chumba kimoja.

Wabillahi tawfiq.